Jinsi ya Kuandika Habari za Mchezaji Aliyeonja Ligi Kuu kwa Siku Chache

Kijana wa Tanga anayetaka kuandika makala za michezo amekulia mahali panapojua vyema kupanda na kushuka, kwani Coastal Union waliotwaa ubingwa wa nchi mwaka 1988 ndio hao hao walioshuka daraja msimu wa 2015/16, pamoja na African Sports na Mgambo JKT. Uzoefu huo utamfaa hata akiandika habari za besiboli ya Marekani, na mfano ninaoupenda ni wa mchezaji wa mchezo huo, Drew Maggi.

Anza na miaka ya kusubiri. Maggi alichaguliwa na klabu ya Pittsburgh Pirates mwaka 2010, akacheza mechi 1,155 za ligi ndogo kabla ya kuingia katika mechi yake ya kwanza ya ligi kuu tarehe 26 Aprili 2023, akiwa na miaka 33. Msomaji wa Ngamiani au Chumbageni, huko Tanga, hatauona uzito wa idadi hiyo usipomweleza kwamba kila klabu kubwa ina timu za ngazi kadhaa chini yake, na kwamba mchezaji anaweza kuhamishwa kutoka ngazi moja hadi nyingine, au klabu moja hadi nyingine, kwa miaka mingi bila kufika juu.

Kisha eleza mlango ulifunguliwaje. Waandishi wengi huiruka hatua hii, ilhali kwangu ndiyo yenye uzito kuliko zote. Kikosi cha ligi kuu kwa kawaida kina nafasi 26 tu, kwa hiyo anayepanda huwa anachukua nafasi ya mwingine. Maggi aliitwa kikosini wakati mchezaji mwingine wa Pirates, Bryan Reynolds, alipopewa ruhusa ya msiba, na jambo hilo liandikwe kwa heshima, kwa sababu furaha ya mmoja ilitokana na huzuni ya mwenzake. Usiache pia kutaja kwamba mwaka 2021 klabu nyingine, Minnesota Twins, walimwita, akakaa benchi, akarudishwa chini bila kucheza hata mara moja.

Tukio lenyewe liandike polepole. Katika kipindi cha nane dhidi ya Los Angeles Dodgers, Maggi aliingia kupiga badala ya mwenzake Andrew McCutchen, na uwanja mzima ukasimama kumshangilia kabla hajarushiwa mpira wowote. Alitolewa kwa straiki tatu, yaani mirusho mitatu iliyohesabiwa dhidi yake. Liseme hilo waziwazi, bila kumtafutia udhuru, maana shangwe zile zilikuwa za miaka 13 iliyotangulia.

Ukitaka kumwandika mchezaji wa nyumbani kwa namna hiyo hiyo, mtafute mzee aliyewahi kukaa benchi pale uwanja wa Mkwakwani, Tanga, umwamkie ipasavyo, kisha umuulize mambo madogo: nani alimwita, alipasha misuli kwa muda gani, alivaa jezi namba ngapi, na nani alitoka ili yeye aingie. Maswali ya jumla kuhusu ndoto zake humfanya atoe majibu ambayo amekwisha kuyatoa mara nyingi, lakini ukimuuliza kuhusu jezi ataanza kukumbuka.

Takwimu zitoshe sentensi moja: Maggi alicheza mechi tatu kwa Pirates, akapata mipigo miwili iliyofanikiwa katika majaribio sita, kisha akarudi ligi ndogo.