Ng'ombe akichechemea inua mguu kwanza, sindano baadaye

Nisikizeni wafugaji wa hapa Mombasa, wa Kisauni, Likoni, Jomvu, na nyinyi wa kule Mwakirunge pia. Siji kuwafundisha kufuga, wengine wenu mwafuga tangu mimi sijaajiriwa. Nina jambo moja tu na limenichosha. Ng'ombe akiamka anachechemea, saa mbili mwenyewe yuko agrovet, saa tatu ng'ombe keshadungwa OTC, yaani ile antibiotiki ya oksitetrasaiklini, na katika pilkapilka zote hizo hakuna hata mmoja aliyeuinua mguu akatazama chini ya ukwato kuna nini. Hakuna! Dawa imenunuliwa, ugonjwa haujulikani.

Kuchechemea si ugonjwa jamani, ni alama tu. Ukichukua ng'ombe kumi wa maziwa wanaochechemea, karibu tisa shida iko kwenye ukwato au ngozi inayouzunguka, si begani, si nyongani, na aghalabu ni mguu wa nyuma, ule ukwato wa upande wa nje. Sasa katika yale yanayoingia pale chini, sindano ya antibiotiki inatibu sawasawa moja tu, nalo ni kuoza kati ya kwato. Msumari sindano haiung'oi. Usaha uliofungiwa ndani ya unyayo sindano haiutoi. Kidonda cha unyayo, ukwato uliorefuka, ukwato ulioharibiwa na chakula, kote huko unamwaga pesa tu na maziwa unayaharibu.

Kuna boma moja nilifika, bara huko nyuma ya Kisauni, ng'ombe mzuri tu wa Ayrshire, mguu wa nyuma ameuning'iniza hataki kabisa kuukanyagia. Mzee akanipangia chupa za dawa juu ya ukuta kama duka, kila mmoja aliyepita pale alikuwa amedunga yake. Nikaomba maji na brashi. Tope lilipotoka lote, kwenye unyayo kukaonekana kidoti cheusi, kidogo, mtu ungedhani ni uchafu. Kilikuwa kichwa cha msumari wa mabati. Ulipotoka ukafuatwa na maji ya kijivu yananuka mpaka kijana aliyekuwa ameshika kamba akageuza uso. Mzee hakusema neno, akakusanya chupa zake. Na maziwa siku zote hizo za sindano yalikuwa yanakwenda wapi? Kwenye chai za watu. Hilo nitalirudia.

Haya, kuinua mguu. Mwingize kwenye krashi, kile kizimba chembamba cha kumbana ng'ombe, mfunge kichwa kifupi, kisha kamba nene laini ya pamba, si ile kamba ya makumbi inayokata ngozi, ipite juu kidogo ya goti la nyuma, uipitishe kwenye boriti na mwenzako avute taratibu. Ifungwe fundo la kufunguka kwa mvuto mmoja, akianguka usianze kutafuta kisu. Usimweke hivyo zaidi ya dakika kumi kwa mara moja, mshushe apumue halafu umrudie. Osha kwa maji mengi na brashi, tena kati ya kwato hasa, kausha kwa tambara, washa tochi ya simu hata kama ni mchana. Bonyeza unyayo kwa kidole gumba hatua kwa hatua kuanzia kisiginoni mpaka nchani, na akivuta mguu ghafla ujue umepafikia. Nusa pia. Usione haya kunusa, harufu inakwambia mengi.

Kama uvimbe uko juu ya ukwato, umevimba sawa pande zote mbili, kwato zimeachana, ngozi ya katikati imepasuka na kunanuka mzoga, na joto la mwili limepita digrii 39.5 (pima asubuhi, mchana wa hapa Mombasa ng'ombe mzima pia anapanda), basi hiyo ndiyo kuoza kati ya kwato, na hapo sindano ina haki yake. Lakini hata hapo mwaikosea! Oksitetrasaiklini ya asilimia 20, ile inayokaa mwilini, ni mililita 1 kwa kila kilo 10 za ng'ombe. Ng'ombe wa kilo 400 ni mililita 40. Nimeona mtu adunga mililita 10 akasema "kiasi tu cha kumshtua". Unamshtua nani? Unawazoesha bakteria dawa, kesho ukiihitaji kweli haifanyi kazi. Na hizo 40 hazimwagwi mahali pamoja, ni mililita 10 kila sehemu, ndani kabisa kwenye nyama, sehemu nne tofauti. Ile ya asilimia 10 ni dawa nyingine na inadungwa kila siku, msizichanganye kwa kuwa chupa zafanana, someni lebo. Uzito usikisie kwa macho, upo utepe wa kupimia kifua. Na anayedunga awe daktari au mtaalamu aliyesajiliwa na Bodi ya Madaktari wa Mifugo ya Kenya, si jirani mwenye mkono mwepesi.

Mpe siku tatu. Ikifika siku ya tatu bado yuko vile vile, usiongeze chupa nyingine. Ama si kuoza kati ya kwato, ama usaha umeshaingia kwenye kiungo, na hiyo ni kazi ya daktari siku hiyo hiyo, si wiki ijayo.

Maziwa sasa. Idadi ya siku za kumwaga maziwa imeandikwa kwenye lebo, na inahesabiwa kutoka sindano ya MWISHO, si ya kwanza. Anayedunga leo akauza kesho anamnywesha mtoto wa jirani antibiotiki. Halafu ng'ombe mwenyewe alikuwa na msumari! Yaani hasara mbili kwa ujinga mmoja, na ndiyo maana napiga kelele.

Tukirudi mguuni. Ukibonyeza unyayo akaruka, na juu hakuna uvimbe wala harufu kati ya kwato, tafuta kidoti cheusi au mstari mweusi pale ukuta wa ukwato unapokutana na unyayo. Mara nyingi usaha umejifungia hapo. Unafunguliwa kwa kisu cha kwato, kitundu tu cha usaha kutoka na ile sehemu iliyobanduka kuondolewa, basi. Ukiona damu umepita mpaka. Kisha ule ukwato wa pili ambao ni mzima unagundishiwa kibao chini yake ili ule mgonjwa uning'inie bila kukanyaga, unakaa wiki nne mpaka sita. Kibao hiki watu wanakidharau sana, wanataka dawa ya rangi, lakini ng'ombe mwenye kidonda cha unyayo dawa yake kubwa ndiyo hiyo, kutokanyagia. Bandeji ukiifunga itoe ndani ya siku tatu, isigeuke kuwa soksi ya mavi. Na wale wa kumimina mafuta taa, oili chafu ya gari au maji ya betri kwenye kidonda, nawaomba kwa heshima zote acheni.

Kama nyuma ya kisigino kuna kidonda chekundu kibichi, kinauma ukikigusa tu, nywele zimesimama pembeni, huo ni ugonjwa wa ngozi na unaambukiza. Osha, kausha, spreyi ya oksitetrasaiklini juu ya kidonda, baada ya muda mfupi upulize tena. Sindano ya mwili hapa haina kazi kubwa.

Na likitokea hili msiguse kitu: ng'ombe zaidi ya mmoja wanachechemea siku moja, wanatoa mate mengi, malengelenge mdomoni na kati ya kwato, wana homa. Huo yawezekana ni ugonjwa wa miguu na midomo. Usimtoe mnyama bomani, usilete mwingine, usimkaribishe mnunuzi, piga simu ofisi ya mifugo. Sheria yataka uripoti, haikuombi.

Kuzuia sasa, na hapa pia vipimo ndio vyatushinda. Ng'ombe wa ndani kwato zake hazisuguliki, zinarefuka mpaka zinapinda juu, uzito wote unarudi kisiginoni na vidonda vinaanzia hapo. Punguza mara mbili kwa mwaka, na kwa hapa kwetu nasema Februari kabla masika hayajaingia na Septemba kabla ya vuli. Kaskazi ikipamba moto ng'ombe hawalali, wanasimama tu wakitafuta upepo, kwa hivyo mvua ya Aprili inazikuta kwato zishachoka, na tope linazilainisha zaidi. Mwenye mimba mpunguze anapokaushwa, miezi miwili kabla ya kuzaa, zikibaki wiki chache mwache. Urefu wa mbele, kutoka pale ukwato mgumu unapoanza chini ya manyoya mpaka nchani, uache sentimita 7.5, usishuke chini ya hapo kwa ng'ombe mkubwa. Kata kijiti cha urefu huo ukiweke pamoja na kisu, maana jicho linadanganya. Unyayo ubaki na unene wa angalau milimita 5, ukiubonyeza kwa gumba ukabonyea ujue umeshazidisha, weka kisu chini. Kisigino usikikate. Wengi wanakata kisigino kwa kuwa ndicho laini, halafu wananipigia simu kwamba ng'ombe amezidi kuchechemea baada ya kutengenezwa. Amezidishwa!

Kuna na kuogesha kwato kwa mrututu, yaani salfeti ya shaba, nao ni gramu 50 kwa lita 1 ya maji. Si kiganja, si "mpaka maji yawe bluu", maana maji yanakuwa bluu hata mrututu ukiwa haba. Ukizidisha unaunguza ngozi, ukipunguza unamwogesha rangi. Mwenye dimbwi la simiti la urefu wa mita 3, upana sentimita 60 na dawa ikiwa kina cha sentimita 10, hiyo ni lita 180, kwa hivyo kilo 9 za mrututu, pima kwa mizani. Mwenye ng'ombe wawili watatu hahitaji dimbwi, beseni pana la plastiki, lita 10 na nusu kilo, dawa ifike sentimita 10, mguu mmoja mmoja asimame dakika chache. Plastiki nimesema, si karai la bati, mrututu unalila bati na dawa yenyewe inaharibika. Koroga kwa maji ya uvuguvugu kwanza, na kama kisima chako ni cha maji magumu ya chumvichumvi, kama vilivyo vingi pwani, tumia ya mfereji au ya mvua. Na OSHA MIGUU KWANZA. Mavi yanaiua dawa, ng'ombe akiingia na tope umetia mrututu kwenye tope. Akitoka asimame pakavu nusu saa. Masika mara mbili tatu kwa wiki, kiangazi mara moja yatosha. Na mtu asiniulize tena habari ya kumpeleka baharini, maji ya chumvi yanaosha tope tu, na matumbawe ya ufukweni yatamkata unyayo.

Sakafu, kwangua mavi asubuhi na jioni, na zile kokoto za matumbawe mnazomwaga njiani kuzuia tope zina makali, funikeni kwa mchanga au maranda. Kitanda chake futi 7 kwa futi 4, makumbi yaliyosagwa ni godoro zuri na hapa hayakosekani. Chakula: pumba, ule unga wa dukani wa ng'ombe wa maziwa (dairy meal) na mabaki ya mikate ya bekari vikizidi tumbo linachachuka, na ukwato unaharibika miezi miwili mitatu baadaye wakati wewe umeshasahau ulimlisha nini. Usimpe zaidi ya kilo 2 hadi 3 kwa mkupuo mmoja, akizaa mwongeze nusu kilo kila baada ya siku mbili tatu, majani yatangulie.

Akipona utamwona, mgongo umenyooka akitembea na maziwa yanarudi.

Mrututu uliotumika usiumwage mtaroni ukaishia mkondo wa Tudor kwenye mikoko, shaba inaua samaki, wala karibu na kisima. Uchanganye na mbolea shimoni, ukitawanya shambani tawanya eneo kubwa, si kona ile ile kila mara, na kondoo msiwalishe hapo, wao shaba kidogo tu yawamaliza. Beseni ukimaliza ligeuze kifudifudi wasije wakanywa.