Mbuzi Wanunuliwe Mwisho: Kuhama Dar Kwenda Kufuga Pangani

Kila anayenipigia simu kutoka Dar huanza na swali lilelile: mbuzi huko wanauzwaje? Swali zuri, ila limewahi mno. Mbuzi utawapata tu. Tafuta kwanza maji, kisha ardhi, kisha majirani. Mfugo ndio umalizie. Mimi nilikuwa nakaa Tabata, nashika hesabu za duka la vipuri Kariakoo. Sasa niko Pangani, ng'ambo ya mto upande wa Bweni, nafuga mbuzi, kuku wa kienyeji na kanga wachache wenye kelele.

Shamba la pwani usilikague masika. Mwezi wa nne kila kisima kina maji matamu. Njoo Februari, jua limeshapiga vya kutosha, maji ya kisima yameshuka na ya bahari yanapenya chini kwa chini. Yaonje, halafu toa kipande cha sabuni ya mche unawe mikono hapohapo. Povu likigoma, ujue hata chai itakushinda. Mbuzi mkubwa huvumilia chumvi kidogo, kifaranga haiwezi. Dawa ni kuvuna mvua: milimita moja ya mvua kwenye mita moja ya mraba ya bati ni lita moja. Bati la mita 60 za mraba likipigwa na mvua ya milimita 20 linakupa lita 1,000 na ushee, hata ukitoa zinazomwagika. Nyumba yangu nimeezeka makuti kwa ajili ya ubaridi; ghala na jiko nimeweka bati la alumini, maana hewa ya chumvi inalila bati la kawaida upesi. Maji ya tangi yanatoka huko.

Kwenye ardhi, muuzaji akikuonyesha mipaka, muulize swali la pili: minazi hii ya nani? Pwani yetu shamba linaweza kuwa la mtu mmoja na minazi au mikorosho ya mtu mwingine, na mwenye miti atakuja kuangua nazi zake ukiwa umekaa barazani kwako. Uliza na makaburi. Ardhi ya kijiji inapita kwenye halmashauri ya kijiji chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5 ya 1999, kwa hiyo karatasi mliyoandikiana wawili hotelini usiitegemee. Ukiota nyumba inayolambwa na mawimbi, ota tena: sheria ya mazingira ya 2004 inataka mita 60 kutoka ufukweni.

Majirani ni kazi ya kila siku, na mtu wa mjini ndiko anakochoka. Kuna msiba, unakwenda, hata kama marehemu hukumjua. Mbwa wako afungwe mchana. Nguruwe, katika vijiji vyetu hivi vya Waislamu, usimlete kabisa. Usije kutafuta hoja za haki yako.

Banda la mbuzi liwe upande wa bara, nyuma ya nyumba. Kusi na kaskazi zote zinatokea baharini, kwa hiyo harufu inakwenda zake porini. Sakafu iwe ya uchaga, fito zilizoinuliwa kiasi cha kuweza kuinama na kuzoa mavi chini, zenye nafasi ya kupitisha kinyesi bila kunasa kwato.

Kuku ndio wanaovunja watu moyo, kwa mambo mawili. La kwanza ni kunguru, hawa wa shingo ya kijivu. Kifaranga asitoke tengani kabla hajapata mbio za kujiokoa. La pili ni mdondo, ule ugonjwa wa kuku uitwao pia Newcastle. Chanjo yake ni tone moja jichoni, kila miezi mitatu, bila kuruka. Kichupa kimoja kinatosha kuku wengi kuliko ulionao, na kikishafunguliwa hakikai. Hapo ndipo utaona faida ya ile misiba. Sisi tunachanga kitongoji kizima, tunaanza alfajiri kuku wakiwa bado wamelala. Mzee wa nyumba ya pili hunigongea, "Mama, tone letu limefika?" Namwamkia shikamoo, naingia na kitochi, wajukuu wanashika kuku mmoja mmoja huku wanagombana nani ashike jogoo. Ukichanja wako peke yako, mdondo unabaki unazunguka kwa jirani, na wako wanaochelewa kupata tone ndio wa kwanza kusinzia.

Ng'ombe wa maziwa mwache kwanza hadi uwe umeshazoea. Ndigana kali inaletwa na kupe wanaopenda kukaa masikioni, na ng'ombe chotara huiweza kidogo sana. Kama huna mtu wa kuogesha na kukagua masikio kila wiki, utakuwa unamnunulia daktari pikipiki.

Sasa nunua mbuzi. Majike matatu au manne yanatosha, beberu uazime. Mimba ni miezi mitano tu. Usitazame unene. Mfunue kope la chini: likiwa jekundu, sawa, likiwa jeupe, damu imepungua, huenda ana minyoo inayomnyonya, mrudishe. Tazama na mkiani, akiwa amechafuka usimchukue. Ukitoa wilaya nyingine, pitia kwanza kwa afisa mifugo ukate kibali cha kusafirisha. Wakifika, watenge na wa kwako na wa majirani wiki mbili, uwape dawa ya minyoo, ndipo uwafungulie.