Kabla ya kupeleka watu Thimlich Ohinga, yapange haya kwanza

Nimepeleka kundi la watu kutoka Mwanza hadi kwenye maboma ya mawe ya Thimlich Ohinga mara mbili. Safari ya kwanza tulirudi na mtoto wa jirani yangu akiwa na hogo mkononi. Ya pili kila mtu alirudi mzima. Barabara ilikuwa ileile na kilima kilekile; kilichobadilika ni maandalizi. Naona vikundi vya kikoba, kwaya na shule vimeanza kuchangishana kwa ajili ya likizo, kwa hiyo nasema sasa, kabla hamjalipia gari.

Kwa asiyepajua: Thimlich Ohinga ni makazi ya kale yaliyozungushiwa kuta za mawe, kwenye kilima katika Kaunti ya Migori, Kenya, kilomita 46 kaskazini-magharibi mwa mji wa Migori. Jina ni la Kijaluo, na maana yake ni boma la mawe katika pori la kutisha. Kuta zake zinakadiriwa kuwa za karne ya 16, na hazina saruji, hazina chokaa, hazina hata udongo wa kushikiza. Maboma makubwa ni manne: Kochieng, Kakuku, Koketch na Koluoch. Humo watu waliishi na mifugo yao wakijikinga na maadui na wanyama, na jamii moja ilipohama nyingine iliingia ikatengeneza palipobomoka. Mwaka 2018 UNESCO ilipaingiza katika orodha ya Urithi wa Dunia. Sisi wa kanda ya ziwa tunalipa nauli kwenda kuona vitu vya mbali na hiki kipo kwa jirani. Nendeni. Ila mwende mmejipanga.

Msidanganyane kwamba ni kwenda na kurudi siku moja kutoka Mwanza. Kufika Sirari, mpakani, peke yake ni karibu kilomita 300: Magu, Lamadi, Bunda, daraja la Kirumi, Tarime. Halafu kuna foleni ya mpakani, halafu Isebania hadi Migori, halafu kipande cha mwisho ambacho sisi tulikikuta ni barabara ya vumbi. Laleni Tarime au Migori, siku ya pili iwe ya maboma tu, na gari liondoke alfajiri. Mkiondoka saa nne mtafika jua limesimama utosini, na mawe yale yakishapata moto hayana huruma.

Mwezi wa kwenda ni Juni hadi Septemba, au Januari na Februari. Masika na vuli acheni. Mnaotoka Magu na Kwimba mnajua udongo mweusi wa mbugani unavyokamata gurudumu ukilowa. Na huko upo. Hata kiangazi, wingu la ziwani linaweza kujikusanya alasiri, kwa hiyo saa nane mchana muwe mnateremka.

Karatasi. Pasipoti, au hati ya dharura ya safari kutoka Uhamiaji. Kitambulisho cha taifa pekee msikitegemee. Kadi ya chanjo ya homa ya manjano msiikimbilie siku mbili kabla ya safari, maana inaanza kutambulika siku 10 baada ya sindano. Ukishachanjwa, dozi moja inatosha maisha yote. Utaratibu huo ulianza mwaka 2016, kwa hiyo wenye kadi za zamani wasirudishwe kudungwa tena. Gari nalo liwe na bima inayovuka mpaka, ile kadi ya njano ya COMESA, soko la pamoja la nchi za Mashariki na Kusini mwa Afrika. Nasisitiza kwa sababu dereva mmoja alinihakikishia kwamba kadi ya njano anayo, nikaridhika, kumbe anaongelea ya chanjo. Mwambie dereva akuonyeshe kwa macho yako, na usome tarehe.

Fedha badilisheni kwa kiasi cha kutosha, na katika kundi awepo angalau mmoja mwenye laini ya Kenya yenye pesa ndani. Malipo mengi ya taasisi za serikali kule siku hizi yanapita kwenye simu, kwenye mfumo wa eCitizen, na maboma haya yako chini ya Makumbusho ya Taifa ya Kenya. Ulizeni kabla kiingilio ni kiasi gani na kinalipwaje.

Viatu vya kufunika mguu. Suruali au sketi ndefu ya kitambaa kigumu, kwa ajili ya miiba. Kofia. Maji lita mbili kwa kila kichwa, na msitegemee duka. Nyoka hupenda kujificha kwenye nyufa za mawe, kwa hiyo hakuna kuingiza mkono mahali usipopaona. Kuna na ile miti mikubwa yenye matawi yaliyosimama kama kinara cha mishumaa. Msivunje tawi lake hata kidogo. Utomvu wake mweupe ukiingia jichoni ni hatari kubwa.

Sasa mwongozaji. Hapa ndipo nilipokosea.

Safari ya kwanza tulikuwa watu 19 ndani ya Kosta, saba kati yao watoto wa shule. Sikuwa nimepanga mwongozaji. Nilijiambia tutampata hukohuko, na kweli tulimpata, asubuhi, mahali tuliposimama kunywa chai. Kijana mchangamfu, Kiswahili kizuri, akasema anapajua pale kama kwao, bei nafuu, anatufikisha na kutuzungusha mwenyewe ili tusipoteze muda na wahusika wa pale. Hayo maneno ya mwisho yangenishtua. Hayakunishtua, nilikuwa nahesabu pesa.

Tulipofika alitupeleka moja kwa moja kwenye boma kubwa. Tuliinama kupita mlangoni. Milango ile ni mifupi kwa makusudi, adui aingie kichwa kikiwa chini, na juu yake kuna mawe marefu yaliyolazwa kama vizingiti. Ndani ni pazuri mno. Kuta zinakuzunguka, kwingine zinapita kimo cha mtu mzima mara mbili, jiwe juu ya jiwe, na upepo unapita kwenye matundu madogo. Watu wazima tulinyamaza kila mmoja akitazama kwake. Ndipo yule kijana akawaambia watoto kwamba juu ya ukuta ndipo picha zinapotoka vizuri.

Wewe unayesoma ukiwa Mwanza utaelewa upesi. Watoto wetu wamekulia juu ya mawe. Mtoto wa Mabatini au Igogo anapanda jiwe kabla hajajua kusoma; nyumba yao imeegemea jiwe, nguo zinaanikwa kwenye jiwe, mpira ukipotea unafuatwa juu ya jiwe. Na mawe yetu hayamtupi mtu, kwa sababu ni miamba iliyolala hapo tangu dunia iwe dunia. Mtoto wa jirani yangu, wa kidato cha pili, aliutazama ukuta ule kwa jicho lilelile la nyumbani. Akapanda kwa hatua tatu. Mimi mwenyewe nilimwona na sikumkataza, maana nami nimekulia kwenye mawe hayohayo.

Lakini ule si mwamba. Wajenzi walipanga mawe makubwa upande wa nje na upande wa ndani, katikati wakajaza madogo. Hakuna kinachoyaunganisha zaidi ya uzito wake na jinsi kila moja lilivyomlalia mwenzake. Uzito huo unabeba vizuri ukishuka wima. Mtu akikanyaga ukingo, anausukuma ukuta kwa pembeni, na kwa pembeni hauna cha kuushikilia. Jiwe la juu liligeuka chini ya kiatu chake. Nilisikia sauti kama ya kumwaga mahindi kwenye debe. Yale madogo ya katikati yalikuwa yanatoka. Mtoto alianguka upande wa ndani, akajikinga kwa mkono, na mkono ukavunjika juu kidogo ya kifundo cha mkono.

Yule kijana wa chai hatukumwona tena.

Aliyekuja ni mzee mmoja wa pale, anayewatembeza wageni kila siku, ambaye tulimpita bila hata salamu. Nilimwamkia nikitetemeka. Akaniambia, "Mama, mtoto kwanza. Ukuta nitautazama baadaye." Akakata fito mbili, nikachana kanga yangu, tukaufunga mkono usichezecheze. Ndani ya gari letu hapakuwa na bandeji hata moja. Tulipokuwa tunambeba mtoto niligeuka nyuma, nikamwona mzee amechuchumaa penye pengo. Mmoja wa vijana wetu alitaka kumsaidia kurudisha mawe juu, akamzuia kwa mkono. Alisema yasisogezwe, yabaki yalivyoangukia mpaka waje wanaojua kuyapanga, kwa sababu kila jiwe lina mahali pake na likiwekwa kombo linabomoa mengine. Miaka zaidi ya 400 ukuta umesimama, na sisi tulikaa ndani yake chini ya saa moja.

Kutoka pale hadi hospitali ya mjini ilikuwa safari ndefu kuliko zote nilizowahi kusafiri, kila shimo la barabara mtoto analia. Na hospitali nako nikakuta mambo matatu ambayo sikuyapanga. Kwanza, walitaka sahihi ya mzazi, nami si mzazi. Pili, kadi ya bima ya afya tuliyozoea kuitoa Mwanza, dirishani pale haikuwa na kazi. Walitaka fedha ya Kenya, na sehemu kubwa nilikuwa nimeshamlipa yule kijana. Tatu, simu yangu haikumpata mama wa mtoto kwa sababu laini yangu ya Tanzania haikuwa imefunguliwa kutumika nje ya nchi. Tulichangishana kwenye benchi. Mama yake alipata habari saa mbili usiku kupitia simu ya muuguzi. Namna alivyonyamaza kwenye simu naisikia hadi leo.

Kwa hiyo safari ya pili nilifanya hivi, nanyi mfanye hivyohivyo. Mwongozaji alipangwa kabla hatujatoka Mwanza, kwa kuwasiliana na wahusika wa mahali penyewe, akatungoja palepale mlangoni. Mtu wa kati anayejitokeza njiani na kutaka mwakwepe wenyeji, mshukuruni na mwendelee na chai yenu. Kabla ya kuingia kwenye boma, watoto wote walisimama, mwongozaji akawaeleza ukuta unavyosimama na kwa nini hauguswi. Mimi nikaongeza kwa lugha ya nyumbani: hili si jiwe la Igogo, hili ni jiwe lililowekwa na mkono wa mtu. Walielewa. Mtoto ukimweleza sababu, anatii kuliko ukimfokea.

Kila mtu mzima alipewa watoto wawili, kwa majina, siyo "tuwaangalie wote". Kila mtoto alibeba barua ya mzazi iliyosainiwa, inayomruhusu kusafiri na kumruhusu kiongozi wa safari kukubali matibabu, pamoja na namba mbili za simu. Nakala moja ilibaki kwangu. Mpakani nako barua hiyo inapunguza maswali. Fedha ya dharura ilikaa kwenye bahasha yake na haikuguswa hata kwa soda. Sanduku la huduma ya kwanza lilikuwa ndani ya gari: bandeji pana, vibao viwili, dawa ya kusafishia kidonda, ya maumivu, glavu. Na tulijua jina la hospitali ya karibu na njia ya kufika kabla ya kulihitaji.

Mwenye matatizo ya mgongo au magoti aulizwe mapema kama ataweza kuinama pale mlangoni. Asije akaaibika mbele ya watu. Mzee anayetumia dawa za presha au sukari abebe dawa zake mkononi, siyo kwenye begi lililobaki Tarime. Chakula kipikwe jana yake, viazi na mayai vinavumilia safari kuliko samaki. Vigae vya vyungu na vipande vya mawe viacheni hapohapo, hata kidogo kama ukucha. Majina msiandike ukutani. Takataka zirudi na gari. Chandarua au dawa ya mbu kwa usiku mtakaolala, maana malaria ya mwambao wa ziwa haibagui mgeni. Mwacheni mtu nyumbani mwenye orodha ya majina yenu na namba ya gari. Dereva alale vya kutosha. Asiyelala asishike usukani hata akiapa. Kurudi, vukeni mpaka mchana, na kipande cha Lamadi kwenda Bunda msikipite kwa kasi jioni, wanyama wa Serengeti wako karibu na barabara. Hesabuni watu kila mnapopanda gari. Hesabuni tena dereva akishawasha.