Unataka kuingia rialiti shoo? Anza na mkataba

Wabongo tunaikumbuka Big Brother Africa kwa ushindi tu, Richard 2007, Idris Sultan 2014 na dola zake 300,000, lakini zile kamera zilikuwa zinawaka saa 24 mpaka bafuni, na klipu za watu wakioga zipo mtandaoni mpaka leo, wengine sasa hivi ni wazazi wa watoto.

Kwa hiyo mdogo wangu, mkataba uombe mapema uende nao nyumbani, usisainie pale ukumbini na watu wamekusimamia wanakwambia basi linaondoka. Mpe wakili akusomee. Mwambie akuangalizie picha zako zitakuwa za nani, kwa miaka mingapi, na kama wanaruhusiwa kumuuzia mtu mwingine, maana hapo ndo wengi tunaumia. Mimi nilisaini kashoo kamoja kadogo bila kusoma, miaka minne baadae nikajikuta kwenye tangazo la kitu ambacho hata sikijui na sikulipwa hata mia. Omba iandikwe kabisa kwamba bafuni, ukiwa unabadilisha nguo na ukiwa umelewa hawarushi. Prodyuza akikwambia "usijali dada, hatutarusha" mjibu sawa kaka, basi tuiandike.

Mama nae mwambie kabla, asije akasikia kwa jirani. Hii ngumu ila ifanye.

Ukishatoka humo simu zitaita, na kuna watakaokutaka kwenye video za kikubwa. Hapa Tanzania kusambaza ponografia mtandaoni ni kosa, Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, ukikamatwa yule aliyekuita humuoni. Wakikwambia kazi iko nje kwenye nchi inayoruhusu, paspoti ibaki mkononi mwako na tiketi ya kurudi uwe nayo wewe, na kama moyo hautaki kataa tu, hudaiwi maelezo na mtu.

Na ikitokea picha zako za faragha zimevuja, au kuna mtu anakutishia nazo, na una miaka 18 kwenda juu, ingia StopNCII.org. Ni bure. Inatengeneza alama ya ile picha, yaani kama namba ya kuitambulia, humohumo kwenye simu yako, picha yenyewe haitoki, alama ndo inatumwa kwa kampuni kama Facebook, Instagram na TikTok ili waizuie huko kwao. Ila usiifute kwanza kwa hasira, bila picha yenyewe hiyo alama haitengenezeki.