Virusi vya kujiandaa navyo kabla mtoto hajapandikizwa uboho

Familia zinazojiandaa kumpeleka mtoto mwenye selimundu kupandikizwa uboho, iwe Dodoma katika Hospitali ya Benjamin Mkapa au India, huhangaikia kwanza mtoaji wa uboho, yaani ndugu anayelingana naye, kisha fedha. Yote mawili ni ya lazima. Ila suala la virusi mara nyingi huulizwa mtoto akiwa ameshalazwa, na mimi nawasihi mliulize mapema, maana majibu yake yanagusa nyumba nzima.

Mjue kinga inavyorudi. Dawa kali za maandalizi hufuta uboho wa zamani pamoja na kinga iliyojengwa tangu utotoni. Chembe nyeupe za mwanzo, zinazopambana na bakteria, huonekana kati ya wiki ya pili na ya nne, na hapo watu hushangilia wakidhani kazi imekwisha. Chembe T, ambazo ndizo hasa huvidhibiti virusi, huchukua miezi kadhaa, mara nyingi mwaka au zaidi. Na chembe za mtoaji zikianza kuushambulia mwili wa mtoto, dawa za kutuliza shambulio hilo huirudisha kinga nyuma tena. Kwa hiyo kodi ya chumba karibu na hospitali, ruhusa ya kazini na masomo ya mtoto vipigiwe hesabu ya miezi.

Kirusi kinachowanyima madaktari usingizi zaidi hakitoki nje. Ni saitomegalovirusi. Karibu kila mtu mzima kwetu alikipata utotoni, na kimejificha mwilini bila kumsumbua. Kinga ikiondoka huamka, kikaweza kushambulia mapafu na utumbo. Ulizeni vipimo vya mtoto na vya mtoaji vinasemaje: hatari huwa kubwa zaidi mgonjwa akiwa nacho na mtoaji hana, kwa sababu kinga mpya inaingia ikiwa haijawahi kukutana nacho. Ulizeni pia PCR ya kila wiki, yaani kipimo cha damu kinachokitafuta kirusi hicho, itafanyika wapi hadi angalau siku ya 100 baada ya kupandikizwa, na majibu yatatoka lini. Anayerejea kutoka India kabla ya hapo awe ameshaijua maabara na bei yake. Dawa ya kuzuia, letermovir, iliidhinishwa Marekani mwaka 2017, lakini ni ghali. Pasipo nayo hospitali hupima mara kwa mara na kirusi kikionekana huwahi kwa gansiklovir, dawa ya kukitibu, ambayo nayo hushusha chembe za damu.

Homa ya ini B ipimwe kwa wote wawili, mtoto na mtoaji. Asiklovir, inayozuia tetekuwanga na mkanda wa jeshi, kwa kawaida humezwa mwaka mzima au zaidi. Msiikatishe kwa kuwa mtoto amenenepa na anacheza. Mkojo ukiwa na damu, semeni siku hiyohiyo, maana kipo kirusi cha BK kinachoumiza kibofu.

Sasa nyumbani. Wakubwa na wadogo wakamilishe chanjo zao kabla ya safari, surua ikiwemo. Kama kuna kichanga, mwambieni muuguzi wa kliniki kwamba nyumbani kuna mtu wa kupandikizwa, kwa sababu matone ya polio yana kirusi hai kinachotoka na choo cha mtoto. Ipo chanjo ya polio ya sindano. Jambo hili husahaulika sana wakati wa kampeni za nyumba kwa nyumba. Mgonjwa mwenyewe huchanjwa upya karibu kila kitu, lakini chanjo zenye virusi hai, kama surua na homa ya manjano, zisubiri angalau miaka 2 na ruhusa ya daktari wake.

Mwenye mafua asiingie chumbani, hata kama ni bibi aliyesafiri kutoka kijijini; mwelezeni kwa upole kabla hajapanda basi. Nunueni kipimajoto, na namba ya daktari wa zamu ijulikane na kila mtu mzima. Joto likifika 38, pigeni simu usiku huohuo, kabla ya kumpa panado. Mtoto akikutana na mwenye tetekuwanga, pigeni vilevile bila kungoja vipele.