Jinsi ya Kusoma Nafasi ya Pasentaili katika Matokeo ya Mtihani Sanifu

Mzazi aliyezoea ripoti za shule za Tanzania au Kenya huutafuta kwanza mstari mmoja: mtoto amekuwa wa ngapi kati ya wangapi. Nafasi ya pasentaili hujibu swali hilohilo, ila kwa njia iliyogeuzwa mara mbili. Kwanza, kundi zima, liwe la watu 40 au milioni mbili, huchukuliwa kana kwamba ni watu 100. Pili, hesabu huanzia mkiani kwenda juu, kwa hiyo namba kubwa ndiyo njema. Aliye kwenye pasentaili ya 72 amewazidi takriban watu 72 katika kila 100 waliolinganishwa naye.

Namba hiyo haimaanishi kwamba amejibu sawasawa asilimia 72 ya maswali, na hapa ndipo wengi hukosea, hata walimu. Mtihani ukiwa mgumu kwa wote, aliyepata nusu ya maswali anaweza kuwa kwenye pasentaili ya 90. Ukiwa mwepesi, aliyepata maswali 85 kati ya 100 anaweza kujikuta chini ya katikati.

Namna ya kuipata namba yenyewe ni rahisi. Tuseme watahiniwa ni 40 na Asha amepata alama 61. Waliopata chini ya 61 ni 28, waliopata 61 kamili ni wanne pamoja na Asha, na wanane wamemzidi. Kwa lugha ya ripoti zetu, Asha ni wa 9 kati ya 40. Ukihesabu waliopata chini yake tu, 28 gawanya kwa 40 zidisha kwa 100, unapata pasentaili ya 70. Ukiwahesabu wote waliopata 61 au pungufu, unapata 80. Wako pia wanaohesabu nusu ya waliofungana, nao watakupa 75. Karatasi ni ileile na Asha ni yuleyule, lakini majibu ni matatu, na yote ni halali. SAT, mtihani wa Marekani wa kujiunga na vyuo, hutumia njia ya pili. GRE, wa wanaoomba shahada za juu, hutumia ya kwanza. Kabla ya kulinganisha pasentaili za mitihani miwili, soma maelezo ya chini ya ripoti yanayosema ni njia ipi iliyotumika.

Jambo zito zaidi ni kundi la ulinganisho, kwa sababu pasentaili isiyotaja kundi lake haina maana yoyote. Waandaaji wa SAT wenyewe hutoa pasentaili mbili kwa alama moja: ya kwanza humlinganisha mwanafunzi na kundi linalowakilisha wanafunzi wote wa Marekani wa madarasa mawili ya mwisho ya sekondari, wawe wamefanya mtihani au la, na ya pili humlinganisha na waliofanya kweli. Ya pili kwa kawaida huwa ndogo, maana wanaoufanya mtihani ni wale wanaotazamia chuo. GRE huonyesha jambo hilo waziwazi zaidi. Sehemu ya lugha na sehemu ya hisabati zote zina alama kuanzia 130 hadi 170, lakini alama 160 kwenye lugha humweka mtu juu ya zaidi ya watahiniwa 80 kati ya 100, ilhali 160 hiyohiyo kwenye hisabati, kwa takwimu za miaka ya karibuni, humwacha karibu na katikati. Hisabati haikugeuka, kundi limejaa wahandisi na wanafunzi wa kompyuta. Kwa hiyo kijana wa Nairobi au Dar es Salaam anayeona pasentaili yake ya hisabati iko chini asiharakishe kujiona dhaifu, kwani amepimwa pamoja na mafundi wa somo hilo.

Tahadhari nyingine ni kwamba hatua za pasentaili hazilingani. Watu wengi hurundikana katikati na wachache hutawanyika pembeni. Chukua vipimo vya akili ambavyo wastani wake umewekwa kuwa 100: kupanda kutoka pasentaili ya 50 hadi ya 60 huhitaji alama nne hivi tu, lakini kutoka ya 89 hadi ya 99 huhitaji kama 16. Ndiyo sababu haifai kujumlisha pasentaili za masomo mbalimbali na kutafuta wastani wake. Tafuta wastani wa alama, kisha uiangalie pasentaili ya wastani huo.

Mtoto anayebaki kwenye pasentaili ya 50 mwaka hadi mwaka hajadumaa, kwani wenzake wamesonga mbele naye amekwenda nao sambamba. Maendeleo yake utayaona kwenye alama za kipimo, yaani alama zinazotolewa kwa kipimo kilekile mwaka hadi mwaka, si kwenye nafasi.

Mwisho, angalia kama ripoti inaonyesha masafa, kwa mfano kuanzia 45 hadi 59, badala ya namba moja. Hakuna mtihani unaopima bila kuteleza. Mtoto huyohuyo angeufanya wiki iliyofuata, namba ingesogea kidogo. Wawili walio kwenye 52 na 57, ambao masafa yao yanaingiliana, huwezi kusema kwa uhakika nani kati yao anajua zaidi.