Kabla hujatoa desimali kwenye mafumbo ya kilo na lita, angalia haya kwanza

Msimu wa korosho huku Mtwara unafungua kama Oktoba hivi, na kuanzia hapo kila nyumba ina mtu wa kwenda mizani pale AMCOS, yaani chama cha msingi cha ushirika cha wakulima, sasa mi naona huu ndo muda mzuri wa kukaa na watoto kwenye kutoa desimali maana namba zenyewe zipo mlangoni.

Kabla ya kushika kalamu soma fumbo lote mpaka mwisho na ujiulize nini kinatolewa kwenye nini. Usikimbilie neno. Mfano, "Somoe ana kilo 12.5 za ufuta, ni pungufu kwa kilo 2.75 kuliko za Hadija, Hadija ana ngapi?" Mtoto akiona pungufu anatoa fasta, wakati Hadija ndo mwenye nyingi, kwahiyo hapo ni kujumlisha, jibu 15.25. Wengi sana wanaangukia hapa, na sio kwamba hesabu hawajui, hawajasoma tu.

Pili vipimo viwe vya aina moja. Kilo 3 za dagaa ukatoa gramu 450, huwezi kuandika 3 toa 450, geuza kwanza, gramu 450 ni kilo 0.45, afu ndo utoe upate 2.55. Na gramu 75 ni 0.075 sio 0.75, hiyo sifuri inayofuata nukta ina kazi yake jamani.

Sasa kwenye kupanga ndo penye shughuli. Gunia la korosho limesoma kilo 81.4 kwenye mizani, gunia lenyewe tupu lina kilo 1.05, korosho ni kilo ngapi? Mtoto aliyezoea namba nzima anabana kulia, 4 inakaa juu ya 5, anatoa 814 na 105 anapata 709, afu anabaki anatafuta pa kuweka nukta, aweke 70.9 au 7.09 zote sio. Nukta ikae chini ya nukta, basi, na pale palipopungua jazia sifuri: 81.40 toa 1.05, unapata 80.35. Karibu kilo kumi za mkulima zinaweza kupotea kwenye karatasi hivihivi mtu anaangalia, ndo maana mi hapa sina mzaha kabisa.

Kama namba ya juu ni nzima, mfano mafuta lita 5 yametumika lita 1.75, iandike 5.00 kwanza. Kukopa kunaanzia kwenye 5, inabaki 4, sifuri ya kwanza inakuwa 10, nayo inakopesha ya mwisho inabaki 9. Haya, 10 toa 5 ni 5, 9 toa 7 ni 2, 4 toa 1 ni 3, jibu 3.25. Mwache mtoto aandike hizo namba ndogo juu, asifanye kichwani, hata kama mwenzie anamaliza haraka.

Kadirio nalo lifanyike kabla, 81 toa 1 ni kama 80, kwahiyo 70.9 ikija anashtuka mwenyewe. Akimaliza ajumlishe jibu na alichotoa, 80.35 na 1.05, irudi 81.40. Isiporudi aanze kuangalia nukta zimekaaje kabla hajagusa kitu kingine.